Deni la Sauti ya Tatu: Uchambuzi wa Kisa cha Upepo Unaobeba Wakati

Kisa hiki ni cha ulimwengu wa kubuni. Goshi na Demani, visiwa viwili kilipotokea, havimo katika ramani yoyote. Niliviunda kwa ajili ya hadithi ya njozi ambayo bado inaandikwa, na majina yake nikayachukua kwa mabaharia wetu, ambao huita goshini upande wa chombo unaopokea upepo na demani upande wa pili. Mgogoro uliozuka baina ya visiwa hivyo nauchambua kama kesi ya kawaida ya deni, yenye mdai, mdaiwa, rehani, mashahidi na mwamuzi, kwa sababu sijui njia nyingine ya kupima kama kanuni ya ajabu inashika, ila kuwapa watu wenye mali ya kupoteza nafasi ya kuisoma neno kwa neno.

Kanuni yenyewe ni hii. Kila mwaka, kwa wiki chache, upepo mmoja huvuma kutoka Goshi kuelekea Demani. Wenyeji huuita Mbiu, kwa jina la pembe ya kuwaita watu, kwa kuwa hauji kimya: huanza kwa sauti moja, ukipata nguvu hupanda sauti ya pili, kisha ya tatu, na baada ya hapo hufifia. Jua liko kama lilivyo kwetu, na ndilo linalotoa mchana na usiku. Watu hutembea, hula, hulala na kuamka kwa jua. Lakini kukomaa, kuzeeka na kuoza havitokani na jua hata kidogo. Vinaletwa na Mbiu. Embe haliivi mpaka lipigwe na upepo huo, jino la utotoni haling'oki, mvi haioti. Na chakula kilichofungiwa ndani ya kasha, mianya yake ikazibwa kwa nta, hubaki kama kilivyowekwa, hata msimu upite mara ngapi. Kila sauti huleta theluthi ya mwaka, na sauti ya tatu ndiyo inayokamilisha umri wa mwaka kwa kila kilichoguswa.

Sasa mambo yaliyotokea. Bibi mmoja wa Goshi, mwenye maghala na majahazi, alimkopesha nahodha wa Demani vipande 300 vya fedha kwa biashara ya boriti, na nahodha akaweka jahazi lake rehani. Hati iliandikwa Goshi kwa nakala mbili. Sharti lake kuu lilikuwa fupi: deni likilipwa kabla Mbiu haijatoa sauti ya tatu, jahazi litabaki la nahodha, lisipolipwa, jahazi litakuwa la bibi. Bibi alikuwa na wakala wake Demani, na hati ilimruhusu nahodha kumlipa huyo. Nakala ya bibi ilitundikwa barazani kwake, mahali penye upepo. Nakala ya nahodha ilifungiwa ndani ya kasha lililozibwa kwa nta.

Siku ya mgogoro, uzi wa mnara wa Goshi ulitoa sauti ya tatu saa kumi na mbili asubuhi, jua likichomoza. Nahodha alimlipa wakala, mjini Demani, saa tatu asubuhi. Upepo wa nguvu ile ile ulifika Demani saa tano na nusu. Wakala alizihesabu fedha, akazikuta kamili, akaandika stakabadhi kwamba amezipokea kabla ya sauti. Stakabadhi hiyo ilipofika Goshi bibi aliikataa, akisema kwamba fedha zimetolewa wakati deni limekwisha komaa, na akadai jahazi. Nahodha alijibu kwamba alilipa siku ambayo kisiwani kwake hapakuwa na mtu aliyeongezeka umri. Jambo likapelekwa mbele ya mwamuzi wa visiwa vyote viwili.

Kabla ya mengine linakuja swali la uhalali wa sharti, na msomaji aliyepitia fiqhi ya biashara huenda akaikataa hati hii tangu mstari wa kwanza. Aya ya 282 ya Surat al-Baqara, ambayo ndiyo ndefu kuliko zote katika Kurani, inaagiza kwamba deni la muda maalumu liandikwe. Na mafakihi wa madhehebu ya Hanafi, wanapotafuta mfano wa muda usiojulikana kabisa, hutaja kuvuma kwa upepo na kunyesha kwa mvua. Mabaharia wa Bahari ya Hindi walilijua hilo kwa kazi yao. Kaskazi na kusi ndizo zilizoendesha biashara yao yote, lakini tarehe hawakuuliza upepo: walihesabu siku tangu Nairuzi, siku yao ya mwaka mpya, katika mwambao wetu kwa miongo ya siku kumi kumi, miongo 36 na siku tano za ziada, na Ahmad ibn Majid, rubani wa karne ya 15, alitaja misimu ya kung'oa nanga kwa kuhesabu siku tangu Nairuzi hiyo hiyo. Hesabu ilitangulia na upepo ukafuata, na usipofika siku yake watu walisema kwamba kaskazi ya mwaka huu imechelewa. Katika visiwa vya Mbiu mambo yamegeuka. Hakuna kalenda iliyo nje ya upepo ambayo upepo unaweza kuikosa. Mbiu haiwezi kuchelewa kwa tarehe; inaweza tu kuchelewa mahali fulani kuliko mahali pengine, na humo ndimo kesi yote ilimo. Sharti, kwa hiyo, huko ni halali, na muda wake ni muda unaojulikana kuliko wowote ambao wenyeji wangeweza kuuandika.

Mwamuzi alianza na muziki, nami naona alianza panapostahili. Hati haisemi upepo ufike. Inasema upepo utoe sauti ya tatu, na upepo hauna sauti ya kwake. Hulia unapokutana na kitu, na kitu hicho ndicho kinachoamua utakavyolia. Mwaka 1878 mwanafizikia wa Kicheki Vincenc Strouhal alichapisha vipimo vya sauti inayotoka pale waya unapopita katika hewa, na akaonyesha kwamba idadi ya mitetemo hufuata kasi ya hewa na unene wa waya, wala haitegemei urefu wa waya au jinsi ulivyokazwa. Hesabu yake ni nyepesi: chukua kasi, izidishe kwa 0.2, kisha gawa kwa unene. Kinacholia ni mizunguko midogo ya hewa inayobanduka nyuma ya waya, mmoja upande huu na unaofuata upande ule, na kasi ikiongezeka mara mbili mizunguko nayo hubanduka mara mbili zaidi, sauti ikapanda oktava nzima. Waya ukiwa umekazwa hivi kwamba mtetemo wake wa asili unalingana na mizunguko hiyo, huipokea na kuikuza mpaka ikasikika mbali. Hiyo ndiyo kazi ya kinubi cha upepo, ala ambayo Athanasius Kircher aliieleza katika kitabu chake cha mwaka 1650.

Mnara wa Goshi una uzi wa utumbo wenye unene wa milimita moja, uliokazwa ili mtetemo wake wa asili uwe 300 kwa sekunde. Uzi uliokazwa hauna mtetemo mmoja tu. Una ule wa kwanza, na mwingine wa mara mbili, na mwingine wa mara tatu, na kuendelea. Kwa hesabu ya Strouhal, upepo wa mita 1.5 kwa sekunde unaamsha sauti ya kwanza, wa mita 3 unaamsha ya pili ambayo ni 600, na wa mita 4.5 unaamsha ya tatu ambayo ni 900. Kwa maneno mengine, sauti tatu za Goshi ni hatua tatu za kasi zilizopangwa sawasawa, na mtu aliyesimama chini ya mnara akiwa amefumba macho anaweza kutaja mwendo wa upepo kwa kusikiliza tu.

Demani hawana nyuzi. Wao husimamisha mianzi iliyozibwa chini na kuachwa wazi juu, na mwanzi wa mjini kwao una urefu wa karibu sentimita 29, ambao nao hulia kwa mitetemo 300. Mtu angedhani kwamba visiwa vimekubaliana. Tatizo ni kwamba bomba lililozibwa upande mmoja huruka sauti zake za shufwa: baada ya 300 haliwezi kutoa 600, bali linakwenda moja kwa moja kwenye 900, kisha 1500. Sauti ambayo Goshi ni ya tatu, Demani ni ya pili. Wakili wa nahodha aliliona hilo na akalishika kwa mikono miwili, akidai kwamba mteja wake alipolipa, kisiwa chake kilikuwa hakijasikia hata sauti ya pili, na kwamba ya tatu ya mianzi ilikuja siku kadhaa baadaye, kwa hiyo hakuna kuchelewa kwa namna yoyote.

Hoja hiyo ni ya ujanja, na ingeshinda ningekuwa nimeandika hadithi ya mawakili. Lakini hati iliandikwa Goshi, chini ya mnara, na mtu aliyekuwa akifanya biashara huko kwa miaka. Neno tatu ndani yake lilikuwa na maana moja kwa wote wawili siku walipotia saini. Anayeandika namba katika mkataba huandika namba ya pale alipokaa. Mwamuzi aliikataa hoja ya mianzi, na tangu hapo kesi ilihesabiwa kwa sauti ya 900, yaani upepo wa mita 4.5 kwa sekunde.

Kukataliwa kwa mianzi, hata hivyo, hakukuifanya isiwe na kazi. Mnara wa Goshi ni wa ukoo wa bibi, na mtunza mnara ni mpwa wake. Uzi ukilegezwa kutoka 300 hadi 250, sauti yake ya tatu huamshwa na upepo wa mita 3.75 tu, na kwa kuwa asubuhi hiyo upepo wa Goshi ulikuwa ukiongezeka kwa nusu mita kila saa, kulegeza huko kungeleta sauti ya tatu saa moja na nusu kabla ya wakati wake. Anayeshika kigingi cha uzi, basi, anashika mwaka. Sioni hatari kubwa kuliko hiyo katika ulimwengu wote nilioubuni, na inatokana na muziki, si na uchawi. Wakati uliobebwa na upepo usio na sauti usingeweza kuchezewa. Wakati unaotangazwa kwa ala unaweza, kwa sababu ala ina mwenyewe.

Mwamuzi aliagiza mwanzi mmoja wa Demani uletwe Goshi. Sauti ya bomba hutokana na urefu wake na joto la hewa, na hakuna mpwa anayeweza kuurefusha mwanzi usiku bila kuonekana asubuhi. Mwanzi na uzi vilipolizwa pamoja kwa sauti ya kwanza, yalisikika mapigo sita kila sekunde, na idadi ya mapigo hayo ndiyo tofauti ya mitetemo ya sauti mbili, maana yake uzi ulikuwa umeshuka hadi 294. Kwa kipimo hicho sauti ya tatu ilikuwa imeamshwa na upepo wa mita 4.41 badala ya 4.5, na tofauti hiyo ni kama dakika kumi na moja. Mtunza mnara aliondolewa shaka, kwa kuwa uzi unaosimama mbele ya Mbiu kila mwaka huzeeka kuliko uzi mwingine wowote kisiwani, na kulegea kiasi hicho ni uzee wa kawaida. Wala dakika kumi na moja hazikumsaidia nahodha. Hata uzi ungekuwa umekazwa barabara, sauti ya tatu ya Goshi ingekuwa imekwisha lia yeye bado hajafungua mfuko wa fedha.

Likabaki swali lenyewe: sauti ya tatu ilitoka lini?

Kutoka Goshi hadi Demani ni kilomita 90. Ukingo wa upepo unaokwenda mita 4.5 kwa sekunde hutumia sekunde 20,000 kuvuka umbali huo, ambazo ni saa tano na dakika 33. Hesabu hiyo inakubaliana na ushahidi ambao sikuutarajia nilipoanza kuandika, nao ulitolewa na jahazi lililokuwa likigombaniwa. Lilikuwa limetia nanga Demani, na mabaharia wake walieleza kwamba kamba ya mlingoti, yenye unene wa sentimita moja, ilianza mvumo mzito waliouzoea kuusikia chombo kinapokaribia mnara wa Goshi wakati wa sauti ya tatu. Kamba ya unene huo kwa kasi hiyo hutoa mitetemo 90 kwa sekunde, sauti nzito inayosikika kifuani kabla ya masikioni. Walisema ilianza saa tano na nusu, na hakuna aliyewapinga.

Bibi alisema kwamba Mbiu ni moja na sauti yake ya tatu ni moja, nayo hutoka mara moja kwa mwaka. Kinachotokea Demani baadaye ni kusikika tu kwa jambo lililokwisha kutokea. Nahodha alisema kwamba sauti hutoka pale inapolia, na kwamba upepo uliokuwa bado baharini haukuwa umetoa kitu Demani.

Wasomaji wa pwani hawana haja ya kufundishwa ubishi huu, kwa kuwa wanaukuta kila Ramadhani inapokaribia kwisha, mwezi ukiwa umeandama mahali na mahali pengine haujaonekana. Katika hadithi iliyopokewa na Muslim, Kurayb alitoka Sham akafika Madina mwishoni mwa mwezi, akamwambia Ibn Abbas kwamba watu wa Sham waliuona mwezi usiku wa kuamkia Ijumaa, wakafunga, na Muawiya, mtawala wao, akafunga. Ibn Abbas akajibu kwamba wao wa Madina waliuona usiku wa kuamkia Jumamosi, na wataendelea kufunga mpaka watimize thelathini au wauone. Madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo yaliyoenea katika mwambao wetu, yameshika kwamba miji iliyo mbalimbali ina matlai mbalimbali, yaani kila mmoja na mwandamo wake wa mwezi. Wapo wanaoona kwamba mwezi ukionekana popote umeonekana kwa wote, na hoja yao ina uzito kwa sababu mwezi wenyewe ni mmoja na uko juu ya wote. Bibi wa Goshi angekaa upande wao.

Mahakama za Uingereza nazo zilikutana na jambo hili. Katika kesi ya Curtis dhidi ya March ya mwaka 1858, jaji wa Dorchester aliketi saa nne asubuhi kwa saa ya ukutani iliyofuata wakati wa Greenwich, mdaiwa hakuwepo, na kesi ikaamuliwa dhidi yake. Mdaiwa alikuwa njiani, na kwa jua la Dorchester saa nne ilikuwa bado, maana mji huo uko magharibi ya Greenwich kwa tofauti ya karibu dakika kumi. Alipolalamika, mahakama ya juu iliamuru kesi isikilizwe upya kwa msingi kwamba saa nne ni saa nne ya mahali husika. Wakati wa Greenwich ukaja kufanywa wa kisheria kwa Uingereza yote mwaka 1880, na hapo jibu likabadilika kwa sababu sheria ilibadilika, si kwa sababu jua lilibadili njia.

Mfano wa Dorchester unamsaidia nahodha, lakini naona kesi yake ina nguvu zaidi ya hiyo. Dorchester na Greenwich zilitofautiana katika kuhesabu. Hakuna aliyezeeka dakika kumi zaidi kwa kukaa mashariki. Demani, saa tatu ya asubuhi ile, tofauti ilikuwa katika miili. Wakala aliyepokea fedha alikuwa bado hajakamilisha mwaka wake. Maembe ya sokoni nyuma yake yalikuwa mabichi. Fedha zilitoka katika mkono ambao mwaka haujaukamilikia zikaingia katika mkono wa namna hiyo hiyo, na hakuna maana ya neno kukomaa ambayo inaweza kulifanya deni hilo liwe limekomaa mahali ambapo hakuna kingine chochote kilichokomaa. Karibu zaidi na hali hiyo katika dunia yetu ni msimu wa mvua wa India, ambao kwa kawaida hufika Kerala, kusini mwa nchi, tarehe 1 Juni na kuenea nchi nzima kufikia tarehe 8 Julai. Mkulima wa Rajasthan, kaskazini-magharibi, anayengoja wakati wa Kerala kufika kwake hangoji habari, anangoja maji.

Hoja nzuri kuliko zote za bibi ilikuja mwishoni, na sikuipata kwa urahisi jibu lake. Alisema kwamba yeye, mdai, alikuwa Goshi. Mwili wake ulikuwa umekamilisha mwaka. Alikuwa amengoja fedha zake muda wote waliopatana. Kwa nini mwaka wa mwenye mali usihesabiwe na wa mdaiwa uhesabiwe? Jibu la mwamuzi lilikuwa kwamba mwaka wa bibi ungehesabiwa kama malipo yangepaswa kufanyika mkononi mwake. Yeye ndiye aliyeweka wakala Demani na kuandika kwamba kumlipa huyo ni kumlipa yeye; aliyeupeleka mkono wake upande wa demani ameupeleka pia kwenye wakati wa huko. Bila wakala, nahodha angelazimika kuelekea Goshi kwa kupigana na upepo, na angekutana na ukingo wa Mbiu katikati ya bahari, mapema kuliko angekaa nyumbani. Kila pigo la tanga la kumkaribia mdai lingemkaribisha na kuchelewa.

Jambo hilo lina upande wake wa pili, ambao wakili wa bibi aliutaja kwa hofu: je, mdaiwa hawezi kukimbia akiwa na upepo mgongoni, akatangulia mbele ya sauti ya tatu daima, na deni lake lisikomae kamwe? Hawezi, na sababu yake haihitaji kanuni yoyote ya njozi. Chombo cha tanga kinachokwenda moja kwa moja na mwendo wa upepo hakiwezi kuupita upepo unaokisukuma, kwa kuwa kikifikia kasi yake tanga halina tena kitu cha kulijaza. Ukingo wa mita 4.5 kwa sekunde, ambao ni karibu maili tisa za baharini kwa saa, utakifikia. Anaweza kukawia kuzeeka kwa saa kadhaa, na nadhani wapo matajiri wa Demani watakaofanya hivyo kwa anasa, lakini hawezi kukataa.

Kuhusu kasha nitasema machache. Wakili wa nahodha, baada ya kushindwa kwa mianzi, alidai kwamba nakala ya mteja wake haijapigwa na Mbiu tangu iandikwe, kwamba kwa kanuni ya visiwa chochote kilicho ndani ya nta hakijaongezeka umri, na kwamba kwa hiyo deni lililomo humo bado ni changa na litakuwa changa mpaka atakapopenda kulifungua. Hoja hiyo ikikubaliwa, hakuna deni litakalokomaa tena popote. Mwamuzi aliitupa kwa kusema kwamba deni halikai katika karatasi. Karatasi ni shahidi, na shahidi aliyelala usingizi hazuii jambo kutokea. Deni linakaa baina ya watu wawili, na wote wawili wana ngozi inayopigwa na upepo. Ila aliliacha wazi swali ambalo mimi pia sijalifunga: itakuwaje mdaiwa mwenyewe akijifungia ndani ya chumba kilichozibwa nta? Kwa kanuni kama ilivyoandikwa mwili wake hautaongezeka umri, na sioni namna ya kusema kwamba deni lake litaongezeka. Huenda gharama ya kukaa chumbani bila hewa mpya kwa wiki kadhaa ikatosha kuwa kinga.

Yapo majibu mepesi ambayo mbunifu wa ulimwengu angeweza kuyatumia ili kuepuka mgogoro wote. Angeweza kuamuru kwamba Mbiu inalia kila mahali kwa pamoja. Nilishauriwa hivyo, na nikakataa, kwa sababu upepo unaofika kila mahali kwa wakati mmoja si upepo. Ni saa ya ukutani iliyopakwa rangi ya upepo. Kinachoufanya uwe upepo ni kutoka mahali na kwenda mahali, na kitu kinachobebwa nao, kiwe harufu ya karafuu au mwaka wa mtu, lazima kimfikie mmoja kabla ya mwingine. Mwandishi anayetaka wakati ubebwe na upepo lazima avumilie kwamba ndugu wawili mapacha, mmoja Goshi na mwingine Demani, watatofautiana umri kwa asubuhi moja kila mwaka, na kwamba mtu atajaribu kupata faida katika asubuhi hiyo. Muziki nao lazima ulipe nauli yake. Katika kisa hiki ulieleza maana ya sharti, ukaibua shaka juu ya mtunza mnara, ukamsafisha, na ukathibitisha saa ya kufika upepo kupitia kamba ya jahazi.

Uamuzi uliandikwa hivi. Namba ya sauti itafuata mahali hati ilipoandikwa, na kufika kwa sauti kutafuata mahali malipo yalipofanyika, isipokuwa hati iseme vingine kwa maneno ya wazi. Malipo ya nahodha yalikuwa ndani ya muda, na jahazi likabaki lake. Bibi alipokea vipande vyake 300 bila nyongeza. Hati zote za deni baina ya visiwa viwili zitataja kuanzia sasa jina la uzi au mwanzi utakaohesabiwa na bandari ambayo sauti itasikilizwa, na mnara wa Goshi utapimwa kwa mwanzi wa Demani kabla ya kila msimu, mbele ya watu wa pande zote mbili. Gharama za baraza ziligawanywa nusu kwa nusu, isipokuwa ya uzi mpya wa mnara, ambayo bibi aliilipa peke yake kwa kuwa mnara ni wa ukoo wake.